Sauti ya Kuazima

Jumatatu, 3 Machi

Mwigizaji tumemrudisha kwao. Hafai! Analia kabla hajafika penye kilio. Nimemwambia asome kama mtu anayesimulia huku anakunja nguo zilizokauka, yeye ananiletea msiba wa kwenye tamthilia. Asubuhi nzima imeishia hapo. Filamu inatakiwa ukumbini karibuni hivi, na sehemu iliyo moyo wake haina sauti.

Niandike ili nijipange. Filamu ni ya wanawake wa kiwanda cha nguo. Wengi wamekubali kuonyesha sura. Wamesema ya mishahara, ya mlango kufungwa kwa nje wakati wa zamu. Lakini la stoo amelisema mmoja tu. Humu namwita Mwenyewe, maana habari ni yake. Msimamizi wa stoo — Bwana Funguo, ndivyo wanavyomwita wote, funguo zinamlia kiunoni kabla hajatokea — alikuwa anaita wasichana wa kibarua mmoja mmoja, eti wakamsaidie kupanga vitambaa. Mwenyewe aliitwa. Akatoka huko na mimba. Akaolewa upesi na mchumba wake, na huyo mchumba hajui mpaka leo. Mtoto yuko shule sasa, anamwita baba.

Ndiyo maana sura yake haipo kabisa, tumeweka picha za vyerehani vitupu. Na sauti ya kuchezewa kwa mashine Masikio haitaki. Masikio ni fundi wetu wa sauti, jina analistahili. Anasema siku hizi mtu yeyote mwenye simu anairudisha ilivyokuwa. Kwa hiyo tunafanya hivi: mwanamke mwingine anavaa vifaa masikioni, anasikia sentensi ya Mwenyewe, anaisema. Pumzi kwa pumzi, na vituo vyake vyote. Na hatuandiki popote kwamba sauti si yake. Hilo Mwenyewe alilidai tangu mwanzo. Bwana Funguo akidhani ndiyo sauti yenyewe, atamsaka mwenye sauti hiyo, na hatampata ng'o. Tulijiona wajanja!

Basi mchana mdogo wangu akaniletea chakula, akatukuta tumenuna. Masikio akasema, hebu dada, jaribu wewe. Akavua viatu, akakaa, akavaa vifaa. Akaenda nayo moja kwa moja mpaka mwisho. Sauti kavu, ya chini, haiombi huruma ya mtu. Ikakatika mahali pamoja tu: "Nikafunga vifungo vyangu, nikarudi kwenye cherehani." Masikio aligeuka akatazama ukuta.

Alipovua vifaa alisema chakula kinapoa, mbona hamli?

Nimemkumbatia hadi akalalamika. Kila siku nasema mdogo wangu huyu ana kipaji kimelala bure.

Jumamosi, 15 Machi

Ukumbi ulijaa pomoni! Watu wamekaa hadi kwenye ngazi. Sauti ya mdogo wangu ilipoanza, bwana wa mbele yangu aliacha kutafuna. Mama mmoja alitoka nje kabisa. Mwisho makofi, kisha watu kunishika mikono, kisha mwanasheria wa wale wafanyakazi kunivuta pembeni: sasa kiwanda hakina pa kujificha. Vipande viko mtandaoni na vinakwenda kwa kasi, kila simu iliyokuwa ukumbini ilikuwa inavisambaza.

Mwenyewe katuma ujumbe. "Nimesikia. Kama ni mimi vile. Asante."

Mdogo wangu hakuja, Chiriku ana homa. Chiriku ndiye binti yake, na jina kajipatia kwa mdomo wake, haufungi hata akilala. Nimemtumia mama yake picha ya umati. Kanijibu: hongera dada, nilikuwa nimesinzia.

Nimefurahi. Nimefurahi mno! Lakini furaha ya namna hii kwangu huwa haikai, inapita kama mgeni aliyekosea nyumba.

Jumanne, 18 Machi

Sijui nianzie wapi.

Leo nilimpeleka Mama hospitali, kliniki yake ya presha. Tumekaa kwenye mabenchi na vikaratasi vyetu vya namba, Mama ananilalamikia kwamba sili. Kipaza sauti cha ukutani kikaita: "Namba arobaini na sita, dirisha la tatu. Tafadhali uwe na kadi yako mkononi."

Mwanamke wa kando yangu akampiga mwenzake kiwiko. Ndiye yule! Yule nani? Yule wa stoo, yule wa kwenye filamu! Mwenzake akabisha. Wakanyamaza wote wawili, wanasubiri iite tena. Na benchi la nyuma likanyamaza. Ikaita arobaini na saba. Ee, ndiye haswa, msikie anavyoivuta hiyo tafadhali. Maskini, kumbe ni wa hapahapa. Kumbe ni mke wa yule mpole wa dirisha la dawa!

Mungu wangu. Nilisahau! Nilisahauje?

Shemeji yangu ni mfamasia wa hospitali ile. Walipofunga mitambo ya kuita namba walitafuta sauti nzuri ya kike, naye akamtoa mkewe kwa majivuno. Mji mzima unamsikia mdogo wangu kila siku ya kazi, wazima kwa wagonjwa. Mimi tu ndiye nisiyesikia chochote. Mimi nikiisikia ile sauti nasikia mdogo wangu anaongea, basi, kama ninavyomsikia tangu anajifunza kusema.

Nilimpigia Masikio nikiwa palepale kwenye korido. Nikamweleza. Kisha akasema, nilimrekodi mimi. Mimi mwenyewe nilimrekodi zile namba. Akalirudia hilo kama mtu aliyepigwa kichwani, akakata simu.

Kwenye dirisha la dawa, shemeji hakuinua uso. Kawaida humwamkia Mama mpaka foleni nzima inageuka. Leo shikamoo ya kunong'ona. Mama kaitikia marahaba, kachukua dawa zake, na njiani hakusema neno. Amesikia kila kitu. Namjua.

Alhamisi, 20 Machi

Shemeji kaja kazini kwangu. Kakataa kiti.

Kwanza alizungumza vizuri. Anajua mimi nafanya kazi ya maana. Yeye si mshamba. Lakini wenzake wanamwangalia kwa huruma, na mgonjwa mmoja, mzee mzima, kamshika mkono dirishani akamwambia ajikaze kiume, mke ni mke. Ajikaze kwa lipi?

Nikamwambia ukweli. Mkeo alisoma tu, shemeji. Maneno ni ya mtu mwingine. Nilimpa vifaa masikioni, akasema anachosikia.

Akauliza, mtu gani?

Nikasema siwezi kumtaja.

Akatikisa kichwa taratibu. Kila mtu angesema hivyo, shemeji. Ingekuwa ni yeye pia ungesema hivyohivyo.

Kisha akalitoa lililomleta. Je, najua mdogo wangu alifanya kibarua kiwanda kile? Likizo moja tu, kabla hawajaoana. Sikujua. Nilikuwa mbali, masomoni, najifunza kushika kamera. Labda waliniambia. Labda sikusikiliza, nilikuwa na mambo makubwa ya dunia kichwani!

Na harusi waliiharakisha. Na Chiriku alizaliwa mapema. Wakati ule tulicheka sote, tukawatania kwamba hawakuweza kusubiri. Shemeji alitaniwa kuliko wote, akawa anaona haya huku anatabasamu. Leo kaisema habari hiyo hiyo akiwa ameshika ukingo wa meza yangu.

Mlangoni akageuka. "Mbona sauti ilikatika pale kwenye vifungo? Mtu analia kwa maneno ya mwenzake?"

Nikasema ndivyo ilivyokatika ya mwenyewe, aliifuata. Sijui kama alinisikia. Nilimwona dirishani anavuka barabara bila kuangalia magari.

Jumapili, 23 Machi

Mdogo wangu yuko hapa. Kaja na mabegi mawili na Chiriku. Kasema ni kwa siku mbili tatu, mpaka watu wapoe.

Jana mama mkwe wake alikuja kwao bila kupiga hodi. Akamwita Chiriku. Akamshika kidevu, akamgeuza uso huku, akamgeuza kule, kama mtu anayechagua nyanya sokoni. Chiriku akamwambia, Bibi, sina homa tena. Bibi mtu akamwachia. Akamwambia mwanawe mbele ya mke wake kwamba siku hizi kuna kipimo cha vinasaba, hakidanganyi, na hospitali anayofanyia kazi si inacho? Afanye, roho za watu zitulie. Roho za nani? Roho ya mtoto hakuna aliyeitaja.

Shemeji alisema nini? Nimemuuliza mara mbili. Hakusema kitu, kajibu mdogo wangu. Alikaa pale.

Nililia mimi. Yeye ndiye aliyenipa kitambaa! Kasema, dada, acha, mtoto anaona. Na kweli, Chiriku alikuwa kasimama mlangoni ananitazama kwa hamu kubwa. Kisha akaniuliza kama mama wakubwa nao wanachapwa.

Jumatatu, 24 Machi

Hospitali wameiondoa ile sauti. Sasa kuna mlinzi anasimama katikati ya mabenchi anapiga kelele za namba, na wazee hawamwelewi.

Masikio kaja kuomba radhi, macho mekundu. Mdogo wangu kampa chai na kumuuliza hali ya mama yake. Natamani angemfukuza. Natamani angenifukuza na mimi, ila nyumba ni yangu.

Jumatano, 26 Machi

Nimemfuata Mwenyewe kwake. Nilikuwa na nia njema, jamani. Kila mtu aliyewahi kumharibia mwenzake alikuwa nayo.

Alikuwa uani anaanika nguo. Hakuacha kuanika nilipokuwa naongea. Nilimweleza yote: mabenchi, shemeji, mama mkwe, kidevu cha mtoto. Nikamwomba kitu kimoja tu. Niruhusu nimsikilizishe shemeji sauti yako halisi. Yeye peke yake, mlango umefungwa, kidogo tu, ajue kuna mtu mwingine.

Akacheka. Si kicheko cha kufurahi.

"Shemeji yako si yule wa dirisha la dawa? Mwembamba, wa miwani? Mwanangu ana kifua. Kila mwezi nasimama mbele ya yule bwana. Ananiuliza mtoto anaendeleaje, ananiuliza mzee hajambo. Wewe unataka umsikilizishe sauti yangu?"

Nikasema ataapa kutosema.

"Na wewe si uliapa?"

Niliapa, na sijavunja.

"Basi usivunje."

Akachukua shati la shule, akalikung'uta, akalibana kambani. Akasema yeye alikaa na jambo hili kifuani miaka yote, akanitapikia mimi kwa sababu nilimwambia nitalibeba. Sasa limenilemea wiki moja namrudishia? Nikamwambia si mimi ninayelemewa, ni mdogo wangu. Akasema anamwonea huruma, anamwombea kila siku. Lakini mdogo wangu ana mimi, ana mama yetu, ana kwao pa kurudi. "Mimi nina nani?"

Hapo baiskeli ikaingia uani. Mume wake, na mtoto kabebwa mbele. Mume akaniamkia kwa uchangamfu, akauliza mgeni ni nani. Mwenyewe kasema ni mtu wa kuuza vitambaa. Yule bwana akasema wamnunulie mama kitambaa basi, apendeze naye mara moja moja! Huku anampangusa mtoto kamasi kwa pindo la shati lake mwenyewe. Mtoto kang'ang'ania shingo yake hataki kushuka.

Niliondoka. Nilikuwa na hasira naye njia nzima. Hasira na mwanamke niliyekula kiapo kumlinda! Ana haki, na nilimchukia mpaka mlangoni kwangu. Nikimwokoa Chiriku nimemwangamiza yule wa baiskeli. Hakuna namna ya kulikata hili likawa jambo jingine. Nimelikata kwa kila upande, na kazi yangu ni kukata.

Ijumaa, 28 Machi

Bwana Funguo kaongea!

Katoa kipande mtandaoni. Shati jeupe, kanyoa, kiunoni hakuna funguo hata moja. Sauti ya unyenyekevu, mnafiki mkubwa. Anasema yule binti wa kwenye filamu anamkumbuka vizuri. Alikuwa kibarua wa likizo. Mchangamfu sana. Ndiye aliyekuwa anakuja stoo bila kuitwa, na yeye akiwa mtu mzima alimshauri arudi kwenye kazi yake. Kasikia sasa kaolewa, yuko na mtu wa hospitali, anamtakia heri yeye na watoto.

Anamtakia heri!

Mdogo wangu aliitazama yote kwa simu yake, amesimama jikoni. Akaizima. Akaenda kumwogesha mtoto.

Masikio kapiga simu anarukaruka: kajifunga mwenyewe, kajifunga! Mwanasheria naye hivyohivyo. Anamkumbuka mtu ambaye si shahidi wetu! Maana yake ni wengi, wengi kiasi kwamba hajui yupi ni yupi. Kampata mmoja wa kuokota mtaani, kamtwika. Kwa kesi hilo ni jambo zuri sana, kasema.

Sawa. Hiyo ni maana moja.

Ya pili sijaisema kwa mtu. Labda hakukosea mtu.

Nimeandika. Sasa nimeliona kwa macho, natamani nilichane.

Jumamosi, 29 Machi

Kikao kimepangwa kesho alasiri, kwa wakwe. Wazee wao watakuwepo, na Mama yetu, na mimi. Shemeji kapiga simu kusema hivyo. Kamuulizia Chiriku kama anakula vizuri. Kisha akabaki kwenye simu hasemi wala hakati, nikamsikia anapumua. Nilimwonea huruma, na sikutaka kumwonea.

Mdogo wangu alikuwa anaosha vyombo. Nilisimama nyuma yake nikapangusa sahani. Tulikuwa tunafanya hivyo kwa Mama, yeye anaosha, mimi napangusa na kuzungumza sana. Nikamuuliza kwa sauti ya kawaida kabisa — sauti ya kazini! — huyo Bwana Funguo ulimfahamu?

"Kila mtu alimfahamu."

Nikanyamaza kidogo. Najua kunyamaza. Mtu ukimnyamazia huongeza mwenyewe, ndivyo ninavyopata maneno ya watu. Yeye hakuongeza.

"Alikuita stoo?"

Akafunga bomba. Akageuka, mikono inachuruzika maji.

"Mume wangu kaniuliza, nimesema si mimi. Mama yake kaniuliza, nimesema si mimi. Kesho wataniuliza wazee wao, nitasema si mimi. Sikudhani nitaulizwa na wewe, dada."

Nilijitetea. Nilisema maneno mengi, sikumbuki hata moja. Akanisubiri nimalize. Kisha akasema, kesho usimtaje yule mama wa watu. Wala usitoe sauti yake. Nikasema lakini wewe! Akasema, mimi nimeshasema. Kama neno langu halitoshi, la yule ndiyo litatosha? Avunjikiwe nyumba ili mimi niambiwe haya, tumekusamehe? Wanisamehe nini?

"Na hata ingekuwa mimi," akasema, "hata ingekuwa mimi, dada, kosa langu lingekuwa lipi? Si wewe unayewaambia watu hivyo?"

Ndiyo, ni mimi. Miaka yote hii nasimama mbele za watu nimeshika kipaza sauti: mwanamke akisema, mwamini. Wananipigia makofi.

Nilimwambia nakuamini. Nikamwambia tena alipokuwa anapanga vikombe. Na mara ya tatu alipokuwa anazima taa ya jikoni. Mara ya tatu hakuitikia.

Jumapili, 30 Machi

Mungu wangu, nimefanya nini.

Niandike haraka, wako chumba cha pili wanavaa.

Mchana mdogo wangu alikwenda kumchukua Mama ili twende pamoja kwenye kikao. Akaniachia Chiriku. Tumekula, kanisimulia habari ya rafiki yake aliyemeza jino, kisha akasinzia kwenye kochi la chumba changu cha kazi, katikati ya sentensi. Nimekaa kwenye kompyuta. Nilitaka tu kupanga nitakachosema kwa wazee. Nilifungua picha za kiwandani nikitafuta — nilitafuta nini? Sikutafuta. Nilijua iko wapi.

Tunaye Bwana Funguo kwa wingi. Tulimpiga picha akiwa getini, akiwa anafoka, akiwa anacheka na walinzi. Nikamsimamisha pale anapogeuka. Nikamkuza. Nikaisogeza kompyuta karibu na kochi.

Nilianza na nyusi. Kisha masikio. Kisha kidevu, nikamgeuza mtoto kwa vidole viwili, polepole asiamke. Nikaona kitu. Kisha nikaona si kitu, ni kivuli. Nikamkuza yule mtu zaidi. Nikaona tena. Uso wa mtoto nimeuona tangu siku ya kuzaliwa kwake, naujua kama kiganja changu, na ghafla siujui. Nilitafuta cha shemeji usoni pale nikakosa. Nilikipata puani. Nikakipoteza. Sijui nilikaa hivyo muda gani.

Sikumsikia kurudi. Mama alikuwa kabaki kwenye teksi nje. Niliinua kichwa, mdogo wangu amesimama mlangoni na mkoba wake begani, kapendeza, kavaa ile nguo ya bluu niliyomnunulia. Anaitazama kompyuta. Akamtazama Chiriku, na vidole vyangu pale kidevuni.

Nilitegemea apige kelele. Natamani angepiga!

Alisema, "Mwamshe, tunachelewa."

Nikasema mdogo wangu, sikiliza. Akasema basi nitamwamsha mimi. Akambeba. Mtoto mzito yule, miguu inaning'inia, akambeba peke yake na kunipita. Nikamwambia ngoja nivae viatu. Akasema hapana, wewe usije. Nikasema wazee watauliza, mimi ndiye nitakayewaeleza! Akasema, utawaeleza nini?

Kafunga mlango, kwa adabu, bila kuubamiza.

Sasa nawasikia ng'ambo ya ukuta. Sauti ya viatu. Droo. Honi ya teksi mara moja, Mama kachoka kusubiri. Yule mtu bado yuko kwenye kompyuta yangu, mdomo wazi, nimeshindwa kunyanyua mkono nimzime. Nisimame. Nigonge. Nikigonga nitasema nini?

Chiriku kaamka, anaongea tayari. Anauliza kwa nini mama mkubwa haji. Anauliza, yule mjomba kwenye kompyuta ni nani? Mama mkubwa alikuwa anatuangalia mimi na yeye, mimi na yeye. Nilijifanya nimelala.

Kisha sauti ya mdogo wangu:

"Si mtu yeyote, mwanangu. Lete mguu wa pili."